Siku Kocha Alipoletwa Kuniposa

Mume wangu ni Mskoti, na kama kuna mtu Bujumbura hajamsikia akipiga kelele pembeni ya uwanja, basi mtu huyo ni mgeni au masikio yake yana matatizo. Nyumbani anaongea taratibu. Uwanjani, awe na timu asiwe nayo, anageuka mtu mwingine, na baada ya mechi anarudi hana sauti, anaomba chai kwa kunyoosha kidole. Nampa, lakini kwanza namwacha anyooshe kidogo.

Tulijuana dukani kwangu, mtaa wa Asiatique, ninakouza vitambaa. Alikuja kutafuta kitambaa cha kushonea vizibao vya mazoezi, vyekundu na vya manjano, maana timu yake ya mtaa wa Carama haikuwa na hata kimoja. Kesho yake akarudi kwa ajili ya lastiki. Baadaye akaja kununua uzi. Nikamuuliza, sindano unayo? Akasema hana. Nikamwambia basi uzi huo utashonea ulimi. Akanunua na sindano, halafu vifungo. Mi wakati ule nilikuwa mwanamke mwenye wajukuu, na yeye mzee mwenye goti bovu, na wasichana wa duka la jirani kila wakimwona anavuka barabara walikuwa wanaanza kukohoa.

Hadithi zake zilikuwa tamu. Alicheza winga kwao Uskoti, akahamia Australia akiwa bado kijana, akacheza huko mpaka goti likakataa, akaingia kwenye ukocha: Afrika Kusini, Zambia, Lubumbashi, Bukavu, halafu kwetu. Kiswahili alikiokota Kongo, na kusilimu alisilimu huko huko, kabla hajanijua, kwa hiyo upande wa dini hapakuwa na neno. Ila kila nchi hadithi yake iliisha namna moja. Walimbembeleza abaki, yeye akawaaga. "Nilikuwa nimechoka nao," anasema, huku ananyoosha kola ya shati.

Hapo ndipo nilipokuwa naingiwa na hofu. Mume wangu wa kwanza aliniaga anakwenda Dubai kuleta mzigo, siku chache tu. Talaka ilikuja kwa simu, na kwa sauti yake ilionekana ana haraka ya kwenda mahali. Tangu siku ile niliapa kwamba mwanaume mwenye mazoea ya kuaga simtaki tena, hata awe mzuri vipi. Na huyu nilimpenda, nisidanganye mtu. Kumuuliza mwenyewe niliona haya. Nikaenda kwa baba mkubwa, kaka yake marehemu baba, ndiye anayetusimamia, nikamwambia, "Siku atakayoleta watu kuniposa, muulize kama na huku ataondoka. Usiseme mi ndiye niliyekutuma."

Kwetu mwanaume haendi kujiposea. Anatafuta wazee wa kumsemea, yeye anakaa kimya, na kwa mtu kama kocha kimya peke yake kilikuwa mtihani wa kutosha. Hakuwa na baba wala mjomba upande huu wa dunia, kwa hiyo alileta watu wa mpira. Msemaji wao alikuwa kapteni wa zamani wa timu, fundi magari, mtu mwenye mdomo. Wengine walikuwa yule anayewakanda wachezaji misuli na yule anayefundisha makipa. Walikuja nyumbani kwetu Buyenzi na kanzu zilizopigwa pasi mpaka zikawa ngumu, wakaketi kwenye mkeka kwa mstari, kocha mwenyewe katikati, goti lake limenyooshwa mbele ya baba mkubwa kwa sababu halikunjiki. Mi nilikuwa chumbani nyuma ya pazia, pamoja na shangazi yangu. Pazia lile nililikata mwenyewe dukani, na siku ile nilishukuru kwamba nilichagua kitambaa chepesi.

Ubaya wa kumpa mtu wa mpira kazi ya posa ni kwamba anadhani anauza mchezaji. Fundi alisalimia vizuri, akamsalia Mtume vizuri, halafu akaanza kumnadi mtu wake.

"Baba mukubwa, huyu tumekuletea si mutu mudogo. Amecheza kwao Uskoti. Akacheza Australia. Afrika Kusini wanamujua, Zambia wanamujua. Lubumbashi amefundisha, Bukavu amefundisha. Kote huko walimulilia, na yeye akaondoka."

Alisema neno hilo la mwisho kwa fahari, na wenzake wakatikisa vichwa kwa fahari. Kwa watu wa mpira, timu zikiwa nyingi ndivyo mtu anavyokuwa mkubwa. Baba mkubwa hajawahi kwenda uwanjani maishani mwake. Kila nchi iliyotajwa alikuwa anasukuma punje moja ya tasbihi, na mi nyuma ya pazia nikawa nazihesabu pamoja naye.

"Sasa," akasema, "mutu anahamahama hivi, nchi kwa nchi, wanamulilia na hageuki nyuma. Na mutoto wetu je? Siku akichoka naye, tutakuja kumulilia wapi?"

Fundi alikuwa amejiandaa kwa maswali yote, la mahari, la nyumba, la swala tano. Hilo hakulitegemea. Akajaribu kusema kwamba kocha wa kweli lazima asafiri, na akaona mwenyewe kwamba anazidi kuharibu. Mi nyuma ya pazia nilikuwa nimemshika shangazi mkono mpaka akaniambia kwa kunong'ona kwamba mkono ni wake na bado anauhitaji.

Ndipo kocha akavunja adabu. Akasema mwenyewe.

"Baba mukubwa, apana. Mi sijaacha mahali hata pamoja. Walinifukuza."

Hata jirani aliyekuwa anatwanga nje nadhani aliacha.

Akaeleza kila kitu, pole pole, kwa Kiswahili chake cha Kongo. Uskoti kamati ilimwita ofisini ikamwambia miguu yake haina mbio tena, na alikuwa bado hajaota ndevu vizuri. Australia goti lilipoumia walimpa mkono na picha ya timu. Afrika Kusini mwenyekiti alikuwa na mpwa aliyetaka kazi. Zambia walimwambia ndani ya basi, wakitoka kufungwa ugenini, na ikabidi amalize safari nzima amekaa pamoja nao. Lubumbashi alisikia kwenye redio akiwa ananyolewa. Bukavu hawakumwambia kabisa. Alikwenda mazoezini akamkuta kocha mwingine anapuliza filimbi.

"Kila mahali nilitaka kubaki," akasema. "Haya ilinishika, ndiyo maana nasema niliwaaga."

Fundi alikuwa anaangalia kucha zake. Yule wa makipa alikuwa anaangalia dari. Kumbe wao pia alikuwa amewapiga fiksi miaka yote hiyo.

Nilikasirika, kwanza. Aliniongopea dukani kwangu, mbele ya vitambaa vyangu, na mi nikawa namuuzia vifungo kwa huruma. Halafu hasira ikayeyuka, nikajiziba mdomo kwa mtandio kwa sababu kicheko kilikuwa kinanitoka. Sioni aibu kusema: nilifurahi. Sijui kama kuna mwanamke mwingine aliyewahi kufurahi kusikia mchumba wake amefukuzwa nchi zote hizo.

Lakini baba mkubwa hakufurahi. Akaweka tasbihi chini. "Kwa hiyo," akasema, "mnatuletea mutu ambaye kila mutu alimukataa, mnasema sisi tumuchukue?"

Nikamwona kocha kupitia pazia, ameinamisha kichwa, kile kichwa chekundu, na nikajua kwamba akitoka pale mlangoni bila jibu harudi tena kununua hata sindano. Mwanamwali akiulizwa akinyamaza, amekubali. Mwanamke aliyewahi kuolewa lazima aseme kwa mdomo wake. Basi mi sikungoja kuulizwa.

"Baba mukubwa," nikasema kutoka chumbani, "wote waliomufukuza ni kamati. Hapa hakuna kamati. Ni mi peke yangu."

Shangazi akapiga vigelegele kabla mtu hajapata nafasi ya kupinga. Tulipofunga ndoa, kocha akaacha chumba chake cha kupanga mtaa wa Mutanga Sud, akahamia kwangu na begi lake moja la michezo.

Msimu uliopita timu ya Carama ilifungwa, ikafungwa tena, na kamati ikakaa. Mi nilisikia dukani, mteja ndiye aliyeniambia. Nilifunga mapema nikarudi nyumbani. Nikamkuta kocha amesimama nje ya geti, begi begani, na jirani ananiambia mzee amesimama hapo tangu alasiri, amekaribishwa kiti akakataa.

"Wamenifukuza," akasema.

"Najua. Sasa hapa nje unangoja nini?"

Alikuwa anaangalia lile goti lake.

Nilishikwa na hasira ambayo sijawahi kuwa nayo, si kwa kamati, kwake yeye. Nikamnyang'anya begi, nikatangulia nalo ndani, akanifuata anachechemea. Nilitegemea kukuta filimbi na viatu vya mazoezi. Juu kabisa kulikuwa na kanzu yake ya Idi, imekunjwa. Chini yake kandambili za bafuni, mswaki, dawa yake ya goti, pasipoti. Kumbe alikuwa ameshaingia, ameshafungasha, ameshatoka nje tena, ili mi nisipate shida ya kumwambia aondoke.

Nikatundika kanzu. Nikarudisha mswaki mahali pake na kandambili mahali pake, yeye amesimama mlangoni anaangalia. Pasipoti niliifungia kwenye sanduku langu, chini ya vitenge, na mpaka leo hajaiuliza.