Nilivyowasainisha wazee wangu mkataba wa hewa ukaa bila kuusoma

Wakuu, poleni na majukumu. Nina hasira leo, mtanivumilia. Sitii chumvi hata chembe.

Naishi mjini, Nkuhungu, ila kwetu ni kijiji kimoja mbele ya Hombolo. Mwaka juzi walikuja jamaa wa mradi wa kaboni. Walitaka mtu wa kuwatafsiria wazee kwa Kigogo, mtendaji akanitaja mimi, msomi wa kijiji.

Kwa wasioijua hii biashara: huko ng'ambo kiwanda kinawekewa kikomo cha moshi. Kikizidisha, kinanunua kibali kwa aliyepunguza. Sasa msitu unameza hewa chafu, hivyo ukitunzwa nao unahesabiwa kuwa umepunguza. Kiwanda kinanunua hiyo hesabu, kinaendelea kufuka. On paper iko poa kabisa.

Nikasimama mkutanoni nikawaambia, "Mnauza hewa tu. Hakuna chenu kitakachoondoka."

Kisha nikapitisha karatasi ya mahudhurio. Mnaijua mikutano yetu, usiposaini hupati soda. Mama yangu naye akaweka dole gumba.

Ile karatasi ndiyo waliyoibandika nyuma ya mkataba, eti ridhaa ya wanakijiji. Na mkataba unasema mtu haruhusiwi kuingia msituni kwa miaka thelathini. Sikuusoma. Nilichukua posho yangu nikarudi mjini.

Wiki iliyopita mama kaingia kuchuma mlenda, kama kila mvua zikishika, ili aukaushe tule kiangazi. Walinzi wa mradi wakamwaga kapu lake, wakamkalisha ofisi ya kijiji kutwa nzima. Bibi wa miaka sabini na kitu, jamani.

Nikaenda. Shikamoo yangu hakuiitikia. Akaniuliza, "Si wewe uliyesema ni hewa?"

Nikamgeukia afisa wao, mlenda unapunguza vipi kaboni? Akanijibu, "Bro, terms ni terms." Nusura nimzabe kibao.

Yaani anayechafua ana kibali, na aliyeutunza msitu maisha yake yote ndiye mhalifu. Upumbavu mtupu.

Nilichojifunza: usiwatafsirie watu karatasi ambayo hujaisoma mwenyewe mpaka mwisho.

Wanasheria mliomo humu, ile karatasi imeandikwa MAHUDHURIO juu kabisa. Mkataba wa hivyo unavunjika? Na wewe unayekuja kuniambia ningesoma kwanza, andika tu, ni haki yako. Mama mpaka leo hapokei simu yangu.