Alisema Theluji, Nikasema Fungeni Kushoto

Nimekosa, ndugu zangu. Sitazungukazunguka. Nilimfunika mtu mgonjwa kwa ulimi wangu mpaka ugonjwa ukamshinda, na nilifanya hivyo kwa sababu nilikuwa nafaidi.

Jina langu msiniulize. Walio Albert Park hapa Durban wakifika katikati ya habari hii watanijua, na wakinijua wanitukane tu. Nastahili.

Mimi ni kinyozi, Mkongo wa Uvira. Nina kiti changu katika saluni moja katikati ya jiji la Durban. Zamani nilikuwa beki, si wa kutisha, mpaka goti likanistaafisha. Siku moja akaingia mzungu mkubwa, kichwa kimejaa mvi, pua imepinda, kovu limemkata kipaji cha uso. Akakaa kwenye kiti changu. Aliponisikia nabishana na mwenzangu kwa Kifaransa, uso wote ukamfunguka.

Alikuwa Mwalbania. Jina lake liliwashinda vijana wetu, wakaamua kumwita Albani, naye akalipenda hilo.

Maisha yake yote alikuwa beki wa kati. Alianzia kwao, akavaa ile jezi nyekundu ya taifa yenye ndege tai mweusi, kisha akaenda Ubelgiji. Huko alicheza miaka mingi na kujifunza Kifaransa. Mkataba wake wa mwisho, mwili umeshachoka, ndio uliomleta Afrika Kusini. Klabu haikukaa naye sana. Aliyekaa naye ni Nomusa, mwanamke wa hapahapa Durban, fundi cherehani mwenye duka dogo Greyville. Wakaoana, wakapanga fleti karibu na uwanja wa mbio za farasi.

Kuna mabeki wanaokumbukwa kwa miguu. Albani alikuwa wa kichwa. Mpira wowote wa juu ulikuwa wake, iwe kuna mtu njiani au hakuna. Alipenda kutusimulia jinsi alivyogongana na mshambuliaji mmoja, akashonwa pembeni mwa uwanja, akarudi akacheza mpaka mwisho. Wenzake wakaja kumwambia kuwa aliokoa goli mstarini. Yeye hakumbuki hata dakika moja ya kipindi kile mpaka leo. Alikuwa anaisimulia huku anacheka, mimi natafsiri, vijana wanacheka. Jamani, tulicheka! Sasa hadithi ile hainichekeshi tena.

Ndiyo, mimi ndiye niliyekuwa natafsiri. Tulikuwa na timu yetu, Wakongo na Warundi, tunafanya mazoezi kwenye bustani ya Albert Park Jumamosi na Jumapili baada ya ibada. Wengine wanatengeneza simu, wengine wanalinda magari, wengine vinyozi kama mimi. Albani aliomba kuifundisha bure. Shida ilikuwa lugha. Vijana wengi walikulia kambi za wakimbizi Tanzania, au walikuja hapa wakiwa wadogo, na Kifaransa kwao ni bonjour basi. Kiingereza cha Albani nacho kilikuwa cha kuokoteza. Kwa hiyo yeye anasema Kifaransa, mimi nasema Kiswahili. Kila neno lake lilipita kwangu kwanza.

Mwanzoni nilitafsiri kwa uaminifu, Mungu ni shahidi. Alikuwa mwalimu mzuri mno. Aliwaambia mabeki kwamba kazi yao ikienda vizuri hakuna atakayeiona, na wasisubiri kupigiwa makofi. Kijana aliyempenda kuliko wote ni Deo, Mrundi mmoja mrefu, mpole, beki wa kati kama yeye. Jina lake hakuwahi kulishika. Alimwita tu yule mrefu.

Halafu ikaja Jumamosi moja, mapumziko, tuko nyuma bao moja, jua la Durban linatuchoma utosini. Albani akatukusanya. Akaniambia kwa Kifaransa, macho makavu kabisa, kwamba upande wa kushoto theluji ni nyingi, mipira itakwama, watu wawe waangalifu.

Theluji! Nilimtazama nikidhani anatania. Hakuwa anatania. Vijana wote wananiangalia mdomoni, wanasubiri.

Nikasema, "Coach anasema fungeni kushoto."

Wakafunga kushoto, hakupita mtu tena. Tukashinda. Wakambeba juujuu, naye akakunja mikono yake kifuani, vidole gumba vimeshikana, viganja vimekuwa mabawa. Ndivyo walivyofanya kwao wakifunga, yule ndege wa kwenye jezi. Vijana wote wakamwiga.

Mimi nilikuwa nimesimama pembeni na hofu yangu. Lakini niwaambie ukweli, haikuwa hofu peke yake. Ilikuwa raha pia. Yale maneno yalikuwa yangu, na yalifanya kazi!

Basi ikawa hivyo. Siku nyingine alikuwa mzima kabisa, siku nyingine anachanganya. Anamwita golikipa kwa jina la mtu wa Ubelgiji, anarudia jambo alilolisema sasa hivi, anauliza basi la timu limeegeshwa wapi wakati hatujawahi kuwa na basi. Mimi nalainisha. Nachukua maneno yaliyovunjika natoa maneno mazima. Kisha nikaacha kulainisha, nikaanza kupika yangu. Nani aanze, nani atoke, tukabe vipi. Kwa miezi mingi timu ile niliifundisha mimi kwa mdomo wa mzungu. Mimi peke yangu nani angenisikiliza? Kinyozi mwenye goti bovu! Lakini Coach akisema, wanakimbia.

Ubaya hauna breki. Deo alinijibu vibaya siku moja mbele ya wenzake, akaniambia kazi yangu ni kutafsiri, siyo kupiga kelele. Nikaumia. Jumapili iliyofuata Albani akamshika bega Deo, akaniambia huyu mrefu ndiye nguzo yake. Mimi nikamgeukia Deo nikamwambia Coach amesema leo anakaa benchi.

Deo akatutazama wote wawili. Albani bado alikuwa anatabasamu.

"Kweli Coach iko nasema hivyo?" akaniuliza.

"Ndivyo alivyosema."

"Eish. Sawa, kaka."

Akaenda kukaa. Tangu siku ile sikumrudisha. Albani akiniuliza yule mrefu yuko wapi, namwambia anaumwa. Anasikitika, anasahau, anauliza tena.

Sasa nifike kwenye kosa lenyewe, maana hayo yote yalikuwa utangulizi.

Nomusa alinifuata saluni. Alisubiri nimalize mteja, kisha akakaa kwenye kile kiti akiwa amekumbatia mkoba wake. Tuliongea Kiingereza. Akaniambia mumewe aliweka viatu ndani ya oveni. Akaniambia anaamka asubuhi anatafuta jezi. Akimwuliza jambo anajibu vitu ambavyo yeye havielewi, na hajui kama ni ile shida ya Kiingereza chake au ni kingine. Kisha akauliza swali ambalo duniani mimi peke yangu ningeweza kulijibu.

"Wewe unaongea naye Kifaransa. Kwa Kifaransa yuko sawa?"

Ndugu zangu, fainali ya mashindano ya jumuiya zetu ilikuwa wiki inayofuata. Na zaidi ya fainali, niliona aibu itakavyonimwagikia. Wakijua kichwa cha Albani kimeharibika, watauliza basi ni nani aliyekuwa anatufundisha, ni nani aliyemweka Deo benchi.

Nikasema, "Yuko sawa, Mama. Amechoka tu."

Akashusha pumzi. Akanishukuru. Alinishukuru mimi!

Lakini hakutulia kabisa. Akaniomba niende nao hospitali nikatafsiri. Sisi wageni tunajua mambo hayo. Huna lugha ya daktari, unamchukua jirani au mtu wa kanisani, anaingia nawe ndani, na mnamwamini. Sikuweza kukataa. Tukakaa kwenye foleni tangu asubuhi. Daktari alikuwa kijana, mpole, amechoka. Akaanza maswali. Akaniambia nimwulize mgonjwa tuko mji gani.

Nikamwuliza. Albani akafikiri, kisha, kwa mnong'ono alioutumia siku ile nzima, akanitajia sikioni mji wa kwao, ule wenye ngome mlimani aliyopenda kunisimulia.

Nikamgeukia daktari nikasema, "Durban."

Wallahi sikupanga! Ulimi ulishazoea. Akauliza mwezi, Albani akasema jambo kuhusu mechi ya ugenini, mimi nikataja mwezi. Akauliza jina la mke wake, Albani akamtazama Nomusa muda mrefu na kusema yule mama mwema. Nikasema Nomusa. Na Nomusa, maskini, pale pale akafuta machozi ya furaha. Daktari hana kosa hata kidogo. Alipewa majibu ya mtu mzima, akasema ni uchovu na umri, apumzike, wakiona mabadiliko warudi.

Nje, tukisubiri robot, ile taa ya barabarani, igeuke kijani, Nomusa alinishika mkono akasema Mungu anibariki.

Fainali ikafika. Watu wengi, ngoma, kina mama wa kanisa na masufuria yao. Deo alikuwa benchi, hatua chache nyuma yetu, jezi imefungwa kiunoni. Tulikuwa sare. Kipindi cha pili wenzetu wakaanza kutubana, wanapiga mipira ya juu katikati, na katikati mimi nilikuwa nimeweka kijana mfupi kwa sababu ananitii. Albani alianza kuhangaika. Akaniambia, "Katikati hakuna mtu." Akarudia. Akaniuliza yule mrefu yuko wapi.

"Anaumwa," nikamwambia. Sikugeuka nyuma hata kidogo.

Wakapata kona. Nikamwona Albani anavua koti lake, analikunja vizuri, analiweka chini. Nilidhani ni joto. Kumbe anaingia. Mzee wa watu, viatu vya kanisani miguuni, akakimbia moja kwa moja hadi mbele ya goli letu, na mpira ukiwa hewani akaruka. Nafasi ilikuwa wazi, naye alikwenda kuiziba. Hiyo ndiyo kazi aliyoifanya maisha yake yote.

Mpira aliupata. Kisha kichwa chake kikakutana na nguzo ya goli. Sauti ile sitaisimulia.

Deo ndiye aliyefika wa kwanza. Alipiga magoti, akaweka kichwa cha mzee kwenye mapaja yake, damu inaingia kwenye jezi. Albani akafumbua macho, akamwona, akasema kitu kwa Kifaransa.

"Coach anasema nini?" Deo akaniuliza.

Watu wote walinigeukia. Sikuwa na pa kukimbilia.

"Anauliza ulikuwa wapi," nikasema. "Anasema alikuwa anakutafuta siku zote."

Deo hakuninyanyulia hata mkono. Nilitamani anipige. Aliniangalia mpaka akamaliza kunielewa, kisha akainama tena kwa mzee. Hajanisemesha tangu siku hiyo. Tukikutana rank, pale kituo cha taxi, anageuza uso.

Hospitali safari hii walimpiga picha za kichwa. Daktari mwingine, mama mtu mzima, akatuambia kuanguka kumeongeza tu. Ubongo ulikuwa unakwisha kwa muda mrefu, ile mipira ya kichwa na ile migongano ya miaka yote. Angekuja mapema asingepona, hilo alilisema wazi, lakini angepewa dawa za kumtuliza, na asingeachwa karibu na uwanja hata siku moja. Halafu akauliza inakuwaje mtu wa hali hii alijibu maswali yote vizuri majuzi tu.

Nomusa alinigeukia mimi polepole.

"Ulikuwa unamjibia," akasema.

Basi. Hakupiga kelele, hakulia. Mimi ndiye niliyelia, na hata machozi yangu niliyaonea haya.

Timu imevunjika. Wengine wameenda timu nyingine, jezi sijui ziko wapi. Mimi nikipita Albert Park nazunguka upande wa pili.

Naenda Greyville kila Jumatatu, saluni ikiwa imefungwa. Nomusa ananifungulia mlango kwa sababu moja tu, Albani hakubali mtu mwingine amguse kichwa. Namnyoa taratibu, napita pembeni mwa lile kovu. Chai sipewi, wala siiombi.

Kiingereza kilimtoka kwanza. Kisha Kifaransa nacho kikatoka. Nilikiona kinavyopungua, wiki hii maneno machache, wiki nyingine mawili, sasa hakuna. Amebaki na Kialbania, lugha ya mama yake, na Durban hii yote sijampata mtu anayeijua. Anaongea sana, masikini. Anaongea kama mtu mwenye jambo la haraka, anakunja mikono yake kifuani inakuwa ndege, anatutazama mmoja mmoja, anasubiri jibu.

Jumatatu iliyopita alimshika Nomusa mkono akamwambia maneno marefu, machozi yanamtoka. Nomusa akasahau hasira zake, akanitazama kama zamani.

"Anasema nini?"

Nilikuwa na mashine mkononi. Nikaizima.

"Sijui, Mama," nikasema. "Sijui anasema nini."

Akageuka kumfuta uso. Huenda alikuwa anamwambia jambo ambalo mke husubiri miaka kulisikia. Huenda alikuwa anauliza basi liko wapi. Hatutajua kamwe, yeye wala mimi. Yale ambayo ningeweza kumwambia kwa uhakika niliyala mwenyewe wakati bado yapo.

Ninyi mnaoingia na watu kwa daktari, mnaosimama katikati ya mtu na mtu kwenye maofisi na mahospitali ya nchi hii, nawasihi. Msimsaidie mtu kuonekana mzima. Msimpambie. Mwacheni aonekane alivyo, hata kama inatia aibu, hata kama kuna fainali.

Akisema theluji, semeni theluji.