Walipomkataza Mtu Kumwitikia Bibi

Nilipokuwa mtoto wa kuamia ndege shambani, kule Iramba enzi za Mwingereza, kila mtu kwetu alijua kwamba pepo akimkalia mtu humfunga mkono wa kulia pamoja na ulimi. Wazee walisema viwili hivyo huenda pamoja, na kwa hilo hawakukosea.

Bibi yangu, mama yake baba, alikuwa mwimbishaji. Wanawake wakipura uwele, yeye ndiye aliyeanzisha wimbo, na maneno yake yalikuwa na pilipili. Asubuhi moja alianguka jikoni. Alipozinduka, mkono wa kulia ulikuwa umelegea na neno moja tu lilikuwa limembakia, "hapana". Ukimuuliza kama ameshiba, hapana. Ukimletea uji, hapana, na mkono wa kushoto tayari umeshika kibuyu. Mimi nilicheka, naye akacheka kwa upande mmoja wa uso.

Baba alikuwa machimboni Sekenke, kwa hiyo aliyeamua mambo ni baba mkubwa, kaka yake. Mganga alimwambia kwamba anayekataa ni pepo, na pepo wa namna hiyo huanza na mmoja akamaliza nyumba nzima. Ikakubaliwa kwamba baada ya mavuno Bibi ahamishiwe kibanda cha peke yake, mbali na boma, awe anawekewa chakula mlangoni. Mimi nilikuwa nikilala naye ngozi moja tangu nilipoachishwa ziwa. Nilimchukia baba mkubwa kwa moyo wangu wote, na sioni aibu kulisema.

Siku ya kupura, wanawake walianza kuimba bila yeye, na wimbo ukawa unachechemea. Bibi alikuwa ameketi kivulini kando ya ghala. Mara tukaisikia sauti yake, kavu kidogo lakini safi, ikitoa ubeti mzima, maneno yote yamenyooka. Ulikuwa ubeti wa mke mvivu anayengoja ndege wampurie uwele wake. Magongo ya kupuria yalisimama. Mwanamke mmoja alimfunga mwanawe mgongoni akaondoka bila kuaga.

"Mtu asiitikie," baba mkubwa alisema. "Anayeimba hapo si Mama. Atakayemjibu atafungwa ulimi naye."

Bibi akaurudia ubeti, akatua mahali pa kuitikiwa. Akangoja. Macho yake yalituzunguka mmoja mmoja, na mimi sikuweza kuvumilia. Niliitikia peke yangu, kwa sauti ileile ya kufukuzia ndege.

Baba mkubwa alinifuata na fimbo. Aliyemzuia ni mke wake, mama mkubwa, mwanamke mnene asiye na haraka na jambo lolote.

"Mwache mtoto," alisema. "Wimbo huu mama mkwe alinitungia mimi mwaka ule nilipoolewa. Pepo angeujulia wapi uvivu wangu?"

Akaokota gongo lake, akaitikia. Wengine wakacheka, wakamfuata. Kibanda hakikujengwa.

Nimeshazeeka sasa. Daktari mmoja alinieleza kwamba kwa watu wengi upande wa kushoto wa ubongo ndio unaoendesha mkono wa kulia, na ndio wenye kazi kubwa ya kusema. Wimbo, alisema, huutegemea sana upande wa pili pia, ndiyo maana aliyepotelewa na maneno ya kusema anaweza bado kuimba. Nilimsikiliza kwa heshima. Kuhusu ulimi wangu, waulizeni wanangu kama umewahi kufungwa.

Nisidanganye, Bibi hakupona. Hakuwahi kulitaja jina langu tena, na hilo liliniuma hata siku tuliyomzika. Lakini alikufa nyumbani kwake, katikati ya watu wake. Tangu wakati huo, nikiambiwa kwamba mgonjwa fulani hayupo tena kwa sababu hajibu, huwa nasogeza kigoda changu karibu naye na kukaa.