Maji Yetu Yanaposhukia

Mtaani kwetu Kadutu, mtu aliyesoma chuo kikuu huulizwa kila kitu, hata njia ya maji. Mimi ninafundisha falsafa. Siku ya salongo, ile kazi ya pamoja ya Jumamosi asubuhi, majirani waliniuliza mfereji upite wapi ili kijito chetu kikijaa, maji ya ziada yaangukie kijito cha pili, chini ya mteremko. Nikanyoosha kidole, nikiwa na uhakika wa mtu asiyeshika jembe. Wakachimba.

Tangu hapo sebule yangu haijaingia tope. Vitabu vimerudi kwenye rafu ya chini.

Kando ya kijito cha pili anaishi mama mdogo, aliyenilea baada ya mama yangu kufariki. Nilijua anaishi huko. Msimu huu wa mvua nilimkuta akichota tope jikoni kwa sufuria, ukuta mmoja umelala.

"Mvua ya sasa haina adabu," alisema. "Na kule kwenu?"

"Si mubaya sana, mama."

"Basi Mungu iko na avenue yenye anapenda," alisema, akitazama juu mtaani kwetu.

Ningeweza kumwambia habari ya mfereji hapo hapo. Badala yake nilimwambia aje akae kwangu, nikambebea jiko lake la makaa.

Sasa kila Jumapili baada ya misa anawaambia wenzake: "Huyu mutoto iko na roho. Wengine wanatumaka salamu, yeye alikuya mwenyewe." Wananishika mkono. Nimeanza kusali misa ya alfajiri, wakiwa bado wamelala.

Kwenye salongo iliyofuata nilipendekeza tuuzibe mfereji.

"Prof, tukiziba, maji itaanza na mulango yako," jirani alisema. Wakacheka. Nikacheka nao, koleo langu likabaki limeegemea ukuta.

Jana mchana mvua ilinyesha. Mama mdogo alikuwa mlangoni akimenya ndizi, mfereji ukinguruma mbele yake.

"Maji yenu inakimbia muzuri. Inaenda wapi?"

"Inashuka tu, mama."

Kisu kilisimama. Aliufuata mfereji kwa macho mpaka ulipopotelea kati ya mabati, upande wa kwake.

"Hata kwangu inashukaka," alisema.

Kisha akachukua ndizi nyingine na kuniambia nilete chumvi, bila kuniita mutoto kama alivyozoea.