Mkwe Kando ya Kitanda

Swali moja lilininyima usingizi: yule mama alikataa kusafishwa kidonda kwa sababu ya maumivu, au kwa sababu yangu?

Nilikuwa muuguzi mpya hapa Bariadi, nimetoka chuo juzi tu. Yeye alipasuliwa jipu juu kabisa ya paja. Mwanzoni tulielewana. Kiswahili chake kidogo, Kisukuma changu cha mjini, lakini alinicheka, akaniita "ng'wanawane", mwanangu, akaniachia mguu. Kesho yake maumivu yalimzidi akawa anajikunja, nikamwita mkwewe, mume wa binti yake, aliyekuwa amekaa nje. Nikamwambia ashike mguu na anitafsirie. Nilijisifu moyoni: chuoni walisisitiza tushirikishe familia.

Tangu hapo, kila nikifika na trei, yule mama alijifunika kanga hadi kichwani na kugeukia ukutani. Daktari alishasema kidonda kikiachwa kitaoza, na atarudishwa chumba cha upasuaji.

Nikaanza kujichambua. Labda nilikunja pua. Labda nilisema "pole" mara nyingi mpaka ikawa kama kejeli. Mwishowe niliamua kumwomba mkuu wa wodi ampangie muuguzi mwingine, nikajidanganya kwamba ni kwa faida ya mgonjwa.

Mama wa kitanda cha jirani, muuza vitenge aliyevunjika mguu, alikuwa akinitazama.

"Nesi, mbona unazunguka kama kuku anayetaka kutaga?"

"Mama huyu hataki huduma."

"Hataki huduma, au hataki mkwe? Haya, wewe uolewe, halafu mumeo aje amshike mama yako paja, na wewe umesimama hapo unamwambia, 'Vizuri, hapo hapo!'"

Alicheka hadi akaushika mguu wake kwa maumivu. Mimi nilitamani sakafu inimeze.

Maana nilijua. Hata kwetu Binza, huko huko mjini, shemeji yangu, mume wa dada, akija, mama alipitia mlango wa nyuma wasikutane uso kwa uso. Chakula chake tulipeleka sisi. Lakini siku ile, nikiwa na sare yangu, sikumwona mkwe. Niliona ndugu wa mgonjwa mwenye mikono miwili. Na kijana wa watu alitii, macho yake yakiwa darini, nami nikadhani anaogopa damu.

Sikwenda kwa mkuu wa wodi. Nilikwenda nje kwanza. Nikamwomba yule kijana msamaha, nikamwomba amlete mkewe. Alinishukuru harakaharaka, akawasha pikipiki kabla sijamaliza kusema, nikaona aibu upya.

Kisha nikarudi wodini, nikapiga magoti kando ya kitanda kama ninavyomsalimia mama yangu.

"Mwangaluka, mayu." Umeamkaje, mama.

Uso wake ulibaki ukutani.

"Nilikukosea. Nilimwita mkweo. Hataingia tena hapa nikiwa nakuhudumia. Binti yako anakuja."

Kanga ilitikisika kidogo. "Mama yako yu hai?"

"Yu hai."

"Hakukufundisha?"

Ningeweza kusema nimekulia mjini. Nilikuwa nimeshaliandaa jibu hilo.

"Alinifundisha, mayu."

Nilivuta pazia, nikaweka trei sakafuni, nikabaki pale pale nimepiga magoti mpaka aamue mwenyewe kujifunua.