Diski ya Viateur wa Mushaki

"Masisi yote, mimi tu njo naweza kukusikilizisha mupiga ngoma akimeza mate." Viateur alisema hayo kwenye kipaza sauti siku ya soko la Mushaki, mashariki mwa Kongo. Hakuna aliyembishia, maana hakuna aliyewahi kutamani kusikia mate ya mpiga ngoma.

Alikuwa na kibanda cha kuchaji simu na kujaza nyimbo kwenye kadi za memori. Wenzake walijaza nyimbo zilizobanwa, yaani zilizopunguzwa ukubwa ili ziingie nyingi, mia mbili kwa kadi. Yeye aliringia diski ya kompyuta aliyoachiwa na Mbelgiji mmoja wa Goma: albamu za rock za zamani, zilizotolewa upya kutoka kanda za kwanza bila kupunguzwa hata punje. Albamu moja ilimeza kadi nzima. Akivaa kaske, vile vipaza sauti vya masikioni, alifumba macho, gita sikio la kushoto, mwimbaji la kulia. Mke wake, Consolée, alisema ameolewa na masikio mawili, mtu mwenyewe bado hajamwona.

Mwaka 2012 wapiganaji walishuka kutoka vilimani. Walimpiga risasi jirani yao muuza mafuta, kisha mkubwa wao, Komanda, akaingia kibandani akiwa amevaa buti za marehemu.

"Jaza kadi. Nyimbo za kupasha damu."

"Papa, mubanie tu," Consolée alimnong'oneza mumewe.

Viateur akampa albamu moja, ile bora kuliko zote, nzima nzima. Heshima kwa mgeni.

Asubuhi Komanda alirudi na askari wawili. Kadi ilikuwa na nyimbo nane, na simu yake ya vibonyezo haikufungua hata mmoja.

"Nane. Zingine uliuzia nani?"

"Afande, hizi hazibanwi, kila moja iko na uzito wa..."

Kitako cha bunduki kilimkata sentensi pamoja na meno mawili.

"Nane, na zote zinanyamaza," Komanda alisema. "Hata maiti inanyamaza, na hailipishi."

Mwenye akili angebana hapo hapo. Ordinateri, kompyuta yake ya kazi, ilikuwa mbele yake, inawaka. Viateur akatema damu, akaendelea na somo.

"Simu yenu njo haina nguvu, Afande. Muziki iko muzuri."

Askari wakacheka. Komanda hakucheka. Alimkandamiza kichwa juu ya meza, akaweka mdomo wa bunduki kando ya sikio la kushoto, akafyatua ukutani. Akafyatua tena. Viateur alifungua kinywa kupiga kelele, damu ikamshuka shingoni, mkojo miguuni.

Consolée akamsogeza kwa kiuno, akaketi kwenye ordinateri. Alikuwa amemsikia mumewe akitukana kazi ya kubana miaka mitano, kwa hiyo aliijua vizuri. Alibana kila kitu mpaka Komanda akapata mia mbili zake. Walipotoka walimpiga Viateur teke la mbavu, la kwaheri.

Muuguzi alisema sikio la kushoto limekwisha. Viateur hakumwamini. Alivaa kaske: mwimbaji yupo, gita hakuna. Akaigeuza: gita likarudi, mwimbaji akapotea. Alikaa akiigeuzageuza mpaka Consolée akamvua.

Kadi sasa anajaza Consolée. Diski waliifuta, wakamuuzia dereva wa lori la makaa pale Sake, aliyetaka pa kuwekea filamu. Dola kumi na tano.