Noti Kwenye Paji la Uso

Natengeneza simu dukani Umbilo, hapa Durban, na kila spika ninayoibadilisha naijaribu kwa wimbo wa Mwingereza mmoja mzee. Huimba kuhusu konokono na birika, amevaa joho alilolishona mwenyewe kwa mapazia. Redioni hasikiki, mashabiki wake ni wachache, ila wanamshika kama dini. Wenzangu wa kanisani wananicheka: "Ndugu, ule muzungu iko na wazimu."

Alipokuja Durban nilienda peke yangu. Ukumbi ulikuwa mdogo, na watu wamekaa kimya kama wako msibani. Nilikasirika. Mtu anatokwa jasho mbele yenu, nanyi mmekunja mikono! Kwetu Kongo mwimbaji hutuzwa. Nikainuka, nikaenda hadi jukwaani, nikambandika noti kwenye paji la uso. Mama mmoja nyuma akapiga kelele nitolewe nje. Mzee aliendelea kuimba, noti imeshikwa na jasho lake, ananitazama.

Nami nikabaki nimesimama pale. Kwetu ukishamtuza mwimbaji, analitaja jina lako ndani ya wimbo, ukumbi mzima usikie. Nililisubiri mpaka wimbo ukaisha. Ndipo nikakumbuka kwamba humo ndani hakuna aliyelijua.